Nusu Neno

Wete, karibu na soko,
Bi Mize na lake jiko,
njugu moto, na mfuko
wa buku lilochanika.

Huchana kwa taratibu
kama apimaye tibu,
pembe tatu ya kitabu,
njugu ndani zinashuka.

Nilinunua ya mia,
nikila, nashika njia;
njugu zilipoishia
herufi zikachomoka.

Arubaini na mbili:
mwanamke, kwa ukali,
agonga mara ya pili,
mlango unafunguka.

Ndani kumejaa kiza,
akaipapasa meza,
mtu akamuuliza:
“Una…” na pakakatika.

Una nini? Una nani?
Una kisu mkononi?
Mie usiku chagoni
nageuka, nageuka.

Asubuhi kwa Bi Mize
nikamwambia, “Nijaze,
karatasi uchunguze,
nambari isije ruka.”

Akacheka: “We mtoto,
mimi nauza vya moto,
sikusoma, hata ndoto,
kwangu ni cha kufunika.”

Nikala njugu, nikala,
tumbo likawa ni ghala,
nikapata, ila, ila…
karatasi za kuruka!

Tisini, kisha sabini:
huku bwana kaburini,
huku yupo harusini
na mkewe wanacheka.

Arubaini na tatu
alishanunua mtu;
nikauliza wenzetu,
Limbani nikazunguka.

Kwa fundi wa baiskeli,
Shaame, mtu mkali,
ukurasa, na pedali
juu yake ameweka.

“Nipe,” nikasema, “nipe!”
Naye, mikono matope:
“Macho hayafungi kope,
wiki nzima nateseka!

Yangu yaanza ‘fanana
na mamangu.’ Yupi bwana
anena? Nani kaona?
Kichwa changu chapasuka!”

Tukaziweka pamoja,
nusu mbili, neno moja;
Shaame kimya, angoja,
na spana ikaanguka.

Time wa cherehanini
ana kumi sandukuni;
moja ya hospitalini,
vidonge ilofunika.

Uzi mweusi wa Time
ukapita, tusikwame.
Na mimi: “Basi, nisome?”
“Soma!” wote waitika.

Bi Mize kaacha jiko,
akasogea na mwiko,
njugu zaungua huko,
moshi juu unafuka.

“Kumbe hayo ndiyo yangu
niuzayo kwa mafungu!
Huyo mke ni mwenzangu,
nami namfanya taka!”

Njugu sasa kwa mgomba,
jani kavu alofumba;
jioni huja kuomba,
“Soma pale tulofika.”

Msimu wa karafuu
watu hukunja miguu
jamvini, na taa juu,
wachambua, nasikika.

Na yule wa kurasani
akawa wetu jirani;
ukipita mitaani
“Yu hajambo?” hutamka.

Siku moja, kwa kidole,
agusa herufi ile,
duara isiyo mbele:
“Hii njugu yatamka?”

“O,” nikasema. Mdomo
wake ukafanya shimo
kama herufi ilomo,
na jino likamulika.

Mwisho hatukuuona:
pengine mbuzi wa Mwana
kaula, au kijana
kenda nao, kaondoka.

Time ataka marashi,
harusi, ubani, moshi;
Shaame: “Hata! Ubishi
ndio mwisho wa hakika.”

Bi Mize yeye hasemi,
hukunja kimya ulimi;
usiku, karibu nami,
penseli ameishika.

Aandika polepole
duara ile kwa ile,
o ya kwanza, kisha tele,
ukurasa wafurika.

Kitabu hicho ninacho,
kina chumvi, kina jicho
la mafuta, na kificho:
njugu zilizosomeka.